Juma Moja, Miji Miwili: Safari ya Ulaya Ianziayo Liwatoni

Liwatoni, upande wa kusini-magharibi wa kisiwa cha Mombasa, ni mahali ambapo mtu hawezi kusahau kwamba dunia ina bandari nyingine. Pana gati la wavuvi. Pana makao ya Walinzi wa Pwani ya Kenya, kikosi kilichozinduliwa hapo mwezi wa Novemba 2018. Na mwanzoni mwa mwaka 2021 palifunguliwa daraja lieleao juu ya maji, lenye urefu wa zaidi ya mita 800, ili waendao kwa miguu wavuke mpaka Ras Bofu, upande wa Likoni, bila kusongamana katika feri. Mbele ya hayo yote hupita meli ziingiazo Kilindini na zitokazo, nyingine kubwa kama mtaa mzima, na kwenye tezi ya kila meli limeandikwa jina la mji wake. Watoto wa hapa huyasoma majina hayo kabla hawajafungua kitabu cha jiografia.

Basi si ajabu watu wa pande hizi wakitamani siku moja kwenda kuiona miji hiyo. Mimi ni karani wa serikali, na mke wangu ni mwalimu wa shule ya msingi. Kwa muda wa miaka minne tumekuwa tukiweka akiba katika chama cha akiba na mikopo, kidogo kidogo kila mwisho wa mwezi, kwa nia ya kuitazama miji miwili ya Ulaya kwa juma moja. Wenzangu kadhaa wameniuliza tunavyoipanga safari hiyo. Nimeona afadhali niandike, kwa kuwa habari hizi zaweza kumfaa karani mwingine, au mkulima wa Taita au Kilifi ambaye mavuno yamemjalia akiba. Fedha za namna hii ni fedha za jasho, na safari isiyopangwa huzila zote kabla mwenyewe hajafika aendako.

Swali la Mama Mkwe

Tulipoitangaza nia yetu nyumbani, mama mkwe hakukasirika, wala hakushangilia. Aliuliza hivi tu: "Wanangu, fedha hizo zaweza kuezeka nyumba ya baba yenu kwa mabati mapya, na salio likabaki. Ninyi mwataka kwenda siku saba. Mtarudi na nini?"

Wasomaji, swali hilo halikuwa la ujinga. Mabati huonekana, mvua ikinyesha usiku, mtu hulala akijua alikozitia fedha zake. Safari haionekani. Mimi na mwenzangu tulipatana kwamba tusilipie hata kiti kimoja cha ndege kabla hatujapata jibu ambalo mama yule ataweza kulipokea. Na katika kulitafuta jibu hilo ndipo tulipoichagua miji yenyewe.

Wala tusidhani kwamba sisi ndio wa kwanza. Mwaka 1875 Sultani Barghash bin Said wa Unguja alikwenda kuzuru London na Paris. Mwaka 1896 Mswahili mmoja, Selim bin Abakari, alisafiri pamoja na bwana wake Mjerumani hadi Urusi na Siberia, naye akaisimulia safari yake kwa Kiswahili. Habari zake zilipigwa chapa mwaka 1901 pamoja na za wasafiri wengine wa pwani hii. Wazee hao walikwenda, wakatazama, wakarudi na habari. Lililobadilika ni kwamba siku hizi mtu aweza kwenda bila kufuatana na bwana yeyote, kwa fedha zake mwenyewe, na kwa hiyo hana budi kujipangia mwenyewe.

Kuichagua Miji

Watu wengi huichagua miji ya Ulaya kwa picha. Huona mnara wa Paris au mifereji ya Venice, nao husema, "Huko ndiko." Hapana ubaya. Lakini mwenye siku saba na mshahara wa karani yampasa kuuliza: mji huu una neno gani nami?

Sisi tuliutazama kwanza mji wetu wenyewe. Mombasa umetawaliwa na wengi, lakini katika Ulaya miji miwili ndiyo iliyotoa amri juu yake: Lisbon na London. Kutoka Lisbon walikuja Wareno. Vasco da Gama alitia nanga nje ya Mombasa tarehe 7 Aprili 1498. Mwaka 1505 Francisco de Almeida aliuteka mji akautia moto. Mwaka 1593 Wareno walianza kuijenga Fort Jesus, ambayo wenyeji huiita Ngomeni, wakaishikilia, isipokuwa kwa muda mfupi baada ya uasi wa Yusuf bin Hasan mwaka 1631, mpaka tarehe 13 Desemba 1698, Waarabu wa Oman walipoitwaa baada ya kuizingira kwa karibu miaka mitatu. Kutoka London ilikuja serikali ya Waingereza mwaka 1895. Mwaka uliofuata ilianza kujenga reli kutoka hapa kwenda Ziwa Victoria, nayo ikatawala hadi uhuru wa mwaka 1963.

Tulifungua daftari, tukaandika maswali mawili. La kwanza: kuna nini cha Mombasa katika miji hiyo? La pili: kuna nini cha miji hiyo hapa Mombasa? Tangu siku hiyo kila kitu kisichojibu mojawapo ya maswali hayo tulikiondoa katika mpango, hata kikiwa kizuri namna gani. Juma ni dogo. Mtu akitaka kuona vitu thelathini hurudi amechoka, na vyote vimechanganyika kichwani kama nguo za watu wengi ndani ya beseni moja.

Kazi ya Kufanywa Nyumbani

Jambo la kwanza tulilojifunza ni kwamba safari ya mbali huanza karibu. Jumamosi zetu za miezi kadhaa tumezitumia hapa kisiwani, na gharama yake ni nauli ya matatu na malipo madogo ya mlangoni.

Tulianza na Ngomeni. Ramani yake ilichorwa na Giovanni Battista Cairati, fundi mkubwa wa majengo kutoka Milan aliyewatumikia Wareno. Tangu mwaka 1895 hadi 1958 ilikuwa jela. Kisha ikatengenezwa na kufunguliwa kuwa jumba la makumbusho mwaka 1960, kwa msaada wa fedha za Wakfu wa Calouste Gulbenkian, ambao makao yake yako Lisbon. Na mwaka 2011 ikaandikwa katika orodha ya Urithi wa Dunia. Humo ndani mna vyombo vilivyotolewa chini ya bahari, katika jahazi la Wareno liitwalo Santo António de Tanná, lililozama mbele ya ngome mwaka 1697 na kuchunguzwa na wapiga mbizi kuanzia mwaka 1977 hadi 1980. Mtu akiisha kuviona vitu hivyo kwa makini, Lisbon si mji mgeni tena kwake.

Kutoka hapo tulishika Ndia Kuu, ndani ya Mji wa Kale, mpaka nyumba iitwayo Leven House. Jina hilo latokana na manowari ya Kapteni Owen, Mwingereza ambaye mwaka 1824 aliuweka Mombasa chini ya ulinzi wa mfalme wake, kwa maombi ya Wamazrui, bila kungoja idhini ya London. Mwaka 1826 ulinzi huo ulikwisha, kwa kuwa wakubwa wake hawakuuridhia. Ofisa wake mmoja kijana, Reitz, alikufa huku mwaka huo wa 1824, na ndiye aliyeacha jina la Port Reitz. Mimi nililitaja jina hilo miaka mingi kila nikielekea uwanja wa ndege, bila kujua kwamba ni jina la mtu.

Lakini kazi iliyokuwa kubwa kuliko zote ni ya kusoma. Huko London, katika maktaba ya chuo kiitwacho SOAS, zimewekwa karatasi za W. E. Taylor, mmishenari aliyekaa Mombasa karne ya 19. Kwa msaada wa Mwalimu Sikujua bin Abdallah al-Batawi, mwenyeji wa hapa, Taylor alizikusanya tungo za Muyaka bin Haji, malenga wa Mvita aliyefariki yapata mwaka 1840. Tungo hizo zimetolewa katika vitabu, kimoja cha mwaka 1940 na kingine cha mwaka 1979, na twaweza kuzisoma hapa hapa. Lakini zilizoandikwa zamani ziliandikwa kwa herufi za Kiarabu, na mimi katika shule ya misheni nilifundishwa za Kizungu tu.

Basi nilikwenda Kibokoni kwa mzee mmoja, mwalimu wa chuo cha Kurani aliyestaafu, nikamwamkia na kumweleza haja yangu. Mzee akanitazama kwa muda, kisha akasema, "Mwanangu, wataka kwenda kuyasoma maneno ya Mvita kwa Wazungu, na herufi zake huzijui?" Nikamjibu, "Ndiyo, mzee wangu, ndiyo maana nimekuja kwako." Tangu hapo hunifundisha kila Jumamosi baada ya sala ya alasiri. Hataki malipo. Amenipa agizo moja tu: nikizifikia karatasi hizo, nitazame kama wino ungali wasomeka, na kama nikiruhusiwa nipige picha ya ukurasa mmoja, nimletee. Mzee huyu hajawahi kutoka Pwani.

Vibali na Karatasi

Sasa nije kwenye jambo liwatishalo wengi, yaani viza. Uingereza haimo katika nchi za Schengen, ambazo zimeungana katika mambo ya mipaka; Ureno imo. Kwa hiyo anayetaka kuiona miji yote miwili ahitaji viza mbili na malipo mawili. Mwenye fedha chache zaidi aweza kuchagua miji miwili iliyo ndani ya Schengen, kama Lisbon na Seville, naye atatumia viza moja. Katika hali hiyo hupeleka maombi kwa nchi atakayokaa siku nyingi zaidi.

Viza ya Schengen huombwa si zaidi ya miezi 6 kabla ya safari, wala si chini ya siku 15. Tangu mwezi wa Juni 2024 ada ya mtu mzima ni yuro 90, nayo hairudishwi hata ukinyimwa. Pasipoti iwe imetolewa ndani ya miaka 10 iliyopita, ibakize angalau miezi mitatu baada ya siku ya kutoka huko, na iwe na kurasa mbili tupu. Yatakiwa pia bima ya matibabu isiyopungua yuro 30,000, mpango wa safari, mahali pa kulala, na uthibitisho wa fedha. Viza ya Uingereza huombwa kwa njia ya intaneti, mapema kabisa miezi mitatu kabla ya safari. Kisha mtu huenda kutoa alama za vidole na picha, na jibu kwa kawaida hutazamiwa kwa muda wa majuma matatu. Ada yake hubadilishwa mara kwa mara. Isomwe siku ile ile ya kulipa, katika ukurasa wa serikali yenyewe.

Hapa pana jambo ambalo wengi hawalifikirii. Pasipoti ni moja, na kila upande waweza kukaa nayo wakati maombi yanapotazamwa. Kwa hiyo maombi mawili hayaendi pamoja. Sisi tumepanga kuanza na Schengen, kwa kuwa mlango wake hufunguliwa mapema, miezi 6 kabla ya safari. Pasipoti zikirudi ndipo tuombe ya Uingereza. Tena kwa watu wa Pwani yafaa kuhesabu gharama ya kwenda Nairobi, kwani huko ndiko kwenye balozi. Treni ya Madaraka Express, iliyoanza mwaka 2017, hutoka Miritini na kufika siku hiyo hiyo, lakini kulala Nairobi si bure.

Ofisa anayezitazama karatasi hizo ana swali moja kubwa moyoni: je, mtu huyu atarudi kwao? Jibu lake ni maisha yako yote ya hapa. Karani ana barua ya likizo kutoka kwa mkuu wake, hati za mshahara na taarifa za benki. Mkulima asidhani kwamba hana kitu. Ana hati ya shamba, risiti za chama cha ushirika, taarifa ya benki ionyeshayo fedha za mavuno zikiingia kila msimu, na cheti cha ndoa na vya watoto wanaomngojea. Azipange kwa utaratibu wa tarehe, na kila karatasi iafikiane na mwenzake. Fedha nyingi zilizotiwa benki juma moja kabla ya maombi, bila maelezo, huleta shaka kuliko fedha chache zilizokaa humo mwaka mzima.

Na jihadharini na madalali. Wapo watu wanaoahidi viza kwa hakika, na barua za mwaliko kutoka kwa watu wasiokuwapo. Hakuna dalali awezaye kutoa viza. Hutolewa na serikali peke yake. Barua ya uongo ikigunduliwa, anayeumia ni mwenye pasipoti, wala si aliyeiandika. Vile vile usilipie tiketi isiyorudishwa fedha kabla hujapata viza; akiba ya nafasi katika ndege yatosha kuonyesha. Ukinyimwa Schengen, utapewa sababu kwa maandishi, nawe waweza kukata rufani au kuomba upya. Kunyimwa si aibu, lakini hugharimu.

Mwendo wa Siku Saba

Mwalimu hawezi kusafiri ila wakati wa likizo. Agosti nauli na malazi ya Ulaya hupanda, kwani ndio wakati wao pia wa kutembea. Desemba jua la London huzama karibu saa kumi za alasiri, na nusu ya siku hupotea gizani. Kwa hiyo tumechagua Aprili, baada ya Pasaka. Baridi ingalipo, na mvua yao ni ya manyunyu ya mara kwa mara, si kama masika ya kwetu. Lakini mwanga hudumu mpaka karibu saa mbili usiku. Ila tarehe 25 Aprili ni sikukuu ya Wareno, ya kuyakumbuka mapinduzi ya mwaka 1974, ambayo yalifungua njia ya uhuru wa Msumbiji mwaka uliofuata. Atakayekuwapo siku hiyo asitegemee kukuta kila mlango u wazi.

Tutaingia kwa mji mmoja na kutoka kwa mwingine, ili tusilipe nauli ya kurudi tulikotoka. Jumatatu usiku tutaruka kutoka Nairobi kwenda London moja kwa moja, mwendo wa karibu saa tisa. Jumanne ni siku ya kufika, kuoga, na kutembea polepole hadi British Museum, ambako kuingia ni bure. Jumatano ni ya SOAS, iliyo karibu na hapo. Lakini karatasi za namna ile hazionyeshwi kwa mtu anayebisha tu mlangoni. Ni lazima kuandika mapema, kuomba siku, na kutaja karatasi zitakiwazo.

Alhamisi tutakwenda Kew, nje kidogo ya katikati ya mji, kwenye Hifadhi ya Nyaraka za Taifa. Siku hii ni ya karani. Wakoloni walipokuwa wakiondoka mwaka 1963, majalada mengi ya serikali ya Kenya yalichukuliwa kwa siri kupelekwa Uingereza. Serikali ya huko ilikiri kuwa nayo mwaka 2011, wakati wazee wetu waliokuwa wakiidai mahakamani kwa mateso ya siku za Mau Mau walipokuwa wakitafuta ushahidi. Mwaka 2012 majalada yalianza kuwekwa wazi kwa wasomaji, katika fungu liitwalo FCO 141. Na mwaka 2013 serikali ile ilikubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa wadai 5,228. Mimi kazi yangu ni kuandika namba juu ya majalada na kuyarudisha mahali pake. Najua kwamba jalada likipotea, mwenye haki hupotea pamoja nalo. Nataka kulishika kwa mikono yangu angalau moja katika hayo yaliyosafirishwa. Kadi ya kusomea hutolewa bure kwa mwenye vitambulisho vinavyotakiwa, na majalada huagizwa mapema. Lakini kuna siku za juma ambazo vyumba vya kusomea hufungwa, na ndiyo sababu tumeiweka Kew siku ya Alhamisi.

Ijumaa asubuhi twaruka kwenda Lisbon, chini ya saa tatu. Saa za miji hiyo miwili ni sawasawa. Aprili zote ziko nyuma ya zetu kwa saa mbili. Mpakani tutachukuliwa picha na alama za vidole, kwa utaratibu mpya wa Schengen ulioanza tarehe 12 Oktoba 2025. Kwa hiyo tusipange jambo la haraka baada ya kushuka. Jioni hiyo ni ya Alfama, mtaa wa kale ulio mlimani. Jina lake ni la Kiarabu, maana Waislamu waliutawala mji huo mpaka mwaka 1147, na vichochoro vyake vyembamba mtu wa Mji wa Kale hatavistaajabia.

Jumamosi ni ya Belém, ukingoni mwa mto Tagus, zilikotoka merikebu za Vasco da Gama. Humo katika kanisa la Jerónimos ndimo lilimo kaburi lake. Karibu na hapo pana mnara mkubwa wa mawe wa kuwasifu mabaharia wa Ureno, uliosimamishwa mwaka 1960, ndio mwaka ule ule ambao Ngomeni ilifunguliwa kuwa makumbusho kwa fedha za kutoka Lisbon. Twataka kusimama mbele ya mnara huo tukijua habari za upande wa pili: za mji uliotiwa moto mwaka 1505. Hatuendi kugombana na mawe. Twaenda ili tusiwe wageni wanaosikia nusu ya hadithi na kudhani ni nzima.

Jumapili asubuhi ni ya ibada, na mchana ni wa Gulbenkian, ila tutauliza kwanza kama jumba liko wazi, kwani lilifungwa mwaka 2025 kwa matengenezo. Siku hii mke wangu amejitwalia kazi yake mwenyewe, yaani kusikiliza maneno. Wareno walituachia meza, bendera, kasha, kopo na karata. Walituachia leso, vazi la kila mama wa Mombasa, kutokana na neno lao la kitambaa. Na neno lao la kanisa, igreja, ndilo lililogeuka kwetu kuwa gereza. Amekusudia kuyaandika yote atakayoyasikia sokoni na mitaani, akawafundishe watoto wa darasa lake. Jumatatu, siku ambayo makumbusho mengi ya Lisbon hufungwa, ndiyo siku yetu ya kurudi, kwa kubadili ndege katika mji wa tatu. Yafaa kuuliza mapema kama mji huo wa kubadilia una masharti yake kwa wenye pasipoti ya Kenya.

Fedha

Akiba yetu tumeigawa katika bahasha nne: nauli, vibali na bima, malazi na chakula, na ya dharura. Bahasha ya dharura haiguswi, hata kwa zawadi. Malazi tumeyatafuta mbali kidogo na katikati ya miji lakini karibu na kituo cha treni, kwani kitanda cha katikati ya London chaweza kula fedha za siku mbili. Chakula cha mchana tutanunua dukani, mkate na matunda, tule bustanini kama wenyeji wengi wafanyavyo. Zawadi tumeziwekea kiasi, na jamaa wote tumekwisha kuwaambia, ili pasiwe na manung'uniko.

Juu ya hayo, mabati ya baba yamekwisha kununuliwa. Mama mkwe alikuwa na haki, na nyumba haingoji. Safari tuliisogeza mbele mwaka mmoja, paa likaezekwa, na akiba ikaanza kujazwa tena. Kisha nikampelekea mama jibu lake. Nikamwambia kwamba tutarudi na picha ya ukurasa mmoja kwa ajili ya mzee wa Kibokoni, na daftari la maneno kwa ajili ya watoto wa shule, na habari za majalada kwa ajili yetu sote tufanyao kazi ya ukarani. Akanyamaza, kisha akauliza kama huko Lisbon leso zao zina maandishi. Mke wangu alimwahidi kutazama.

Basi, wasomaji, yeyote mwenye akiba na nia ya kuiona Ulaya nampa shauri hili. Usianze kwa kuuliza bei ya tiketi. Anza kwa kuuliza mji wako una habari gani zilizobaki ng'ambo, nawe utapata miji miwili inayokuhusu. Mtu wa Bagamoyo au Tanga ataiona Berlin au Hamburg katika historia yake; mtu wa Kisangani ataiona Brussels. Tembelea kwanza ya nyumbani. Waulize wazee wangali hai. Panga karatasi zako kwa ukweli. Weka siku chache kwa mambo machache. Viza yaweza kukataliwa, na sisi pia twaweza kukataliwa. Lakini herufi nilizofundishwa Kibokoni hakuna ofisa awezaye kunipokonya, na paa la baba halivuji tena.